Mpinga Nani, Anapinga Nini?

Nimefundisha Kiswahili kwa miaka 34, na katika miaka yote hiyo sikuwahi kutunga neno hata moja. Kazi yangu ilikuwa kusahihisha maneno ya watoto wa watu kwa kalamu nyekundu. Neno la kwanza nililolitunga nililitunga nikiwa nimekwisha staafu, mwaka 2021, hapa Kilosa, kwa ujira wa shilingi 40,000. Nalo ndilo ninalotaka kulieleza hapa, kwa sababu mpaka leo linanisumbua.

Ilikuwa hivi. Vijana wa kikundi kimoja cha mazingira waliniletea kipeperushi cha kurasa nne kilichoandikwa kwa Kiingereza, wakaniomba nikitie katika Kiswahili ili wakigawe kule Mikumi, ambako barabara kuu ya kwenda Zambia inapita na mabasi hushusha abiria wenye njaa na kiu. Walikuwa vijana wazuri, wenye adabu. Mmoja wao nilimfundisha kidato cha pili. Kipeperushi kilihusu kukusanya chupa za plastiki ili zipelekwe kiwandani, zisagwe na kutengenezwa upya. Nilifanya kazi ile bila taabu mpaka nikafika ukurasa wa tatu. Hapo palikuwa na neno moja la Kiingereza, refu na jipya, ambalo sikuliona katika kamusi yangu yoyote. Lilimtaja mtu aliye kinyume na shughuli nzima ile, adui wake. Kwa Kiswahili sikuwa nalo.

Kabla sijalifikia hilo la adui, ilinibidi kwanza nichague jina la shughuli yenyewe, na hapo nikagundua kwamba hata jina hilo halijatulia. Wapo wanaosema kuchakata, na wapo wanaosema kurejeleza. Sasa, mzee yeyote wa Kilosa akisikia "kuchakata" hawazi chupa. Anawaza mkonge. Anaisikia korona ikinguruma Kimamba au Rudewa (nasema korona ile mashine, si ugonjwa wa mwaka 2020), anaona majani mabichi yakiingia upande mmoja na singa zikitoka upande wa pili, na ile harufu ya maji machachu inamrudia puani. Katika kila kilo 100 za majani, singa ni takriban kilo 4 tu. Zilizobaki zilikuwa uchafu uliomwagwa. Mkonge uliletwa nchini mwaka 1893 na Mjerumani aitwaye Richard Hindorf, na kufikia mwaka 1964 nchi hii ilikuwa ikizalisha takriban tani 230,000 kwa mwaka. Halafu ikaja kamba ya plastiki. Ilikuwa rahisi, nyepesi, na haikuoza. Bei ya mkonge ikaanguka, pakawa na sababu nyingine pia ambazo wenzangu wa uchumi wanazijua kuliko mimi, na mashamba mengi ya wilaya hii yakarudi kuwa pori. Basi tazama, ndugu msomaji: neno lililozaliwa katika mkonge leo limerithiwa na plastiki, ambayo ndiyo iliyousukuma mkonge kaburini. Nilipoliona hilo nikashindwa kuliandika. Nikachagua "kurejeleza."

Nilidhani nimechagua vyema. Kurejeleza kunatoka kwenye kurejea, na kurejea ni neno la heshima. Waislamu wana talaka rejea: mume anaweza kumrudia mkewe kabla eda haijaisha, na anayerudi nyumbani ni mke yule yule, si mwingine. Hivyo ndivyo ilivyokuwa chupa ya soda tulipokuwa vijana. Ulikwenda dukani na chupa tupu, au uliacha rehani ya fedha, vinginevyo soda uliinywa pale pale umesimama kwenye kaunta na mwenye duka anakuangalia mkono. Chupa ilirudi kwenye kreti, kreti ikarudi kiwandani, chupa ikaoshwa, ikajazwa, ikaja tena Kilosa kwa treni, imechubuka ubavuni lakini ni ile ile. Hakuna aliyeiita shughuli ile kwa jina lolote la mazingira. Vivyo hivyo hakuna aliyekuwa na jina la kumwita fundi aliyetengeneza koroboi kwa kopo la maziwa, wala katambuga kwa tairi la lori. Walikuwa mafundi tu, na sisi tulikuwa watu tusiokuwa na kitu cha kutupa.

Hata hivyo nisiwadanganye kwamba lugha yetu iliwaheshimu sana watu wa kazi hiyo. Sote tunajua maana ya kusema kwamba fulani "anaokota makopo." Maana yake amerukwa na akili. Yaani kwa miaka mingi tulikuwa na tusi la kumpa anayekusanya vilivyotupwa, na sasa nilikuwa nimeombwa nitunge tusi la kumpa asiyekusanya.

Nilikaa na neno lile usiku mzima. Kiswahili kina njia zaidi ya moja ya kusema "hapana," na hazilingani. Kuna "asiyerejeleza": huyu hafanyi tu, labda hajui, labda hana muda, na humo tumo karibu wote. Kuna "mkataa": huyu ameombwa, amesikia, akasema sitaki. Wahenga wamemwonya kwamba mkataa pema pabaya panamwita, lakini bado wanamhesabu kuwa ni mtu aliyekuwa na hiari. Halafu kuna "mpinga." Mpinga amejilaza katikati ya njia ili na wewe usipite. Neno la Kiingereza lilikuwa kali, nami nikiwa mwalimu nilitaka ukali usipotee katika tafsiri. Nikaandika "mpinga-urejelezaji," nikaweka kistari katikati, nikajiona mtaalamu.

Jambo la aibu ni kwamba mimi, kuliko watu wote, nilipaswa kujua neno "mpinga" linabeba nini mgongoni. Mkristo yeyote akilisikia, kabla hujamalizia sentensi, amekwisha mwona Mpinga Kristo. Na mtu wa umri wangu ana kumbukumbu nyingine. Mwaka 1974, wakati watu wakihamishiwa katika vijiji vya ujamaa, baba yangu aliomba jambo moja tu: aachwe mpaka avune. Hakuwa na ugomvi na shule, wala na zahanati, wala na kisima. Alikuwa na shamba la mahindi ambayo hayajakomaa, na miembe saba. Mtu mmoja aliyekuja na karatasi akamwita mpinga maendeleo mbele ya watu. Tulihama wiki ile ile. Mahindi yaliliwa na ngedere. Lakini lile jina halikubaki shambani. Lilihama pamoja nasi. Hata alipokuwa mzee, baada ya siasa ile kupita na wengi kuisahau, wenzake katika kilabu cha pombe walimwita "Mpinga" kwa mzaha, naye alicheka kama mtu anayecheka kwa kuwa hana la kufanya. Alikufa mwaka 1991. Mtu yule wa karatasi hakumwuliza hata mara moja: Mzee, unapinga nini hasa?

Naam. Na mimi nikalichukua neno lile lile nikaliuza kwa shilingi 40,000.

Mwaka uliofuata vijana walinialika Mikumi nikaone matunda ya kazi yetu. Kutoka Kilosa unapita kijiji kiitwacho Ulaya, na kila mgeni hupenda kupiga picha pale ili akawadanganye watu wa kwao. Ilikuwa Jumamosi ya mwisho wa mwezi, siku ya usafi. Karibu na mahali mabasi yanaposimama walikuwa wameweka kizimba kikubwa cha waya cha kutupia chupa, na kilikuwa kimejaa nusu, jambo zuri kabisa. Bango lilikuwa limetundikwa juu yake na neno langu limeandikwa kwa herufi kubwa nyekundu. Watoto walikuwa wamekwisha lifupisha. Walisema "mpinga" tu.

Kulikuwa na mama mmoja, umri wake labda miaka 60, anayeuza mafuta ya alizeti na asali kutoka milimani. Yeye alikuwa na tabia ya kuja kizimbani alfajiri kuchagua chupa safi zenye vifuniko. Asubuhi ile walimkuta nazo kapuni. Kijana mmoja, ambaye sina shaka alikuwa na nia njema, akamsimamisha mbele ya watu waliokuwa na mafagio na majembe mikononi, akasema mtu kama huyu ndiye anayeturudisha nyuma, huyu ndiye mpinga-urejelezaji tuliyemsoma. Watoto wakadaka. "Mpinga! Mpinga!" Wakamzunguka. Mimi nilikuwa nimesimama hatua kumi kutoka pale, nimeshika kipeperushi.

Alinitambua kwa kuwa nimevaa kama mwalimu, au kwa kuwa mtu alimnong'oneza. Akanisogelea.

"Shikamoo, Mwalimu."

"Marahaba, mama."

"Mwalimu, hili neno wanaloniita, maana yake nini?"

Nikamjibu kama ninavyojibu darasani. Nikasema ni mtu anayezuia kitu kilichotumika kisirudi kutumika tena.

Akatazama kapu lake. "Zangu zinarudi kila gulio," akasema. "Hii nyingine ya mwenye duka la vipuri nina nayo mwaka wa pili. Mtu akija bila chupa, simpimii mpaka aweke hela ya chupa. Zenu zikishakwenda Dar es Salaam, zinarudi lini?"

Dar es Salaam ni karibu kilomita 300 kutoka Mikumi. Sikuwa na jibu. Laiti ningekaa kimya kabisa ingekuwa afadhali, lakini nilisema maneno haya, ninayakumbuka neno kwa neno: "Neno limekwisha andikwa, mama." Akasema haya, akamwaga chupa zake kizimbani moja moja, akaondoka. Watoto walimsindikiza mpaka kwenye kona ya njia ya Kidatu.

Sasa nataka niwe mkweli, kwa maana ni rahisi kumfanya mama yule kuwa malaika na vijana wale kuwa mashetani. Vijana walikuwa na hoja. Chupa iliyookotwa hujui ilibeba nini. Wakulima wetu hubeba dawa za kuulia wadudu katika chupa za maji. Mafuta yaliyokaa juani katika plastiki kuukuu si mafuta ninayoyatamani. Na uchafu upo. Barabara ile kuu inakata Hifadhi ya Mikumi, iliyoanzishwa mwaka 1964, kwa takriban kilomita 50, na nyani wamekwisha jifunza kukaa kando ya lami kungoja kinachorushwa madirishani. Hapa Kilosa mifereji huziba kila masika. (Sisemi chupa ndizo zilizoleta mafuriko ya mwishoni mwa 2009 na mwanzoni mwa 2010 yaliyong'oa reli, ule ulikuwa mto Mkondoa wenyewe.) Mimi ninaunga mkono kukusanya chupa. Nilikiunga mkono kizimba kile siku ile na ninakiunga mkono leo.

Swali langu ni jingine. Ni halali kumpa mtu jina kwa kile anachokipinga, kabla ya kumwuliza anapinga nini? Nimelizungusha swali hili kwa muda mrefu, na kila nikilizungusha naona kwamba "urejelezaji" si kitu kimoja. Kuna kurudisha kitu kama kilivyo, na kuna kukiponda kiwe kitu kingine. Chupa ya kioo au chuma chakavu unaweza kuyeyusha tena na tena kikabaki kioo na chuma. Plastiki kila inapoyeyushwa hupungua nguvu, na chupa nyingi haziwi tena chupa. Huwa nyuzi za zulia au za nguo, na safari ya nyuzi hizo baada ya hapo ni jalalani. Utafiti uliochapishwa mwaka 2017 ulikadiria kwamba katika plastiki yote iliyokwisha kuwa taka duniani mpaka mwaka 2015, iliyorejelezwa ilikuwa asilimia 9 tu. Kwa hiyo neno nililolichagua kwa kuwa lilikuwa na heshima ya kurejea, nililipa kitu ambacho aghalabu hakirejei, na mwenye kurejesha kweli kweli nikamwandika kuwa mpinga.

Na wapinzani nao si wa namna moja. Mwaka 1996 mwandishi wa Marekani John Tierney aliandika makala ndefu katika jarida la gazeti la New York Times, ambayo kichwa chake kwa Kiswahili kingekuwa kwamba urejelezaji ni takataka. Wasomaji walighadhibika, wakaandika barua kwa wingi. Hoja yake kubwa ilikuwa ya hesabu: kwamba nchi yake ina nafasi tele ya kufukia taka, na kwamba kukusanya na kuchambua kunagharimu kuliko kinachopatikana. Sikubaliani naye, hasa nikikumbuka kwamba nchi tajiri kwa miaka mingi zilipakia plastiki yao melini kuipeleka China, mpaka China ilipofunga mlango mwanzoni mwa mwaka 2018. Lakini alipinga kwa hesabu, na alistahili kujibiwa kwa hesabu. Wapo wengine wanaopinga kwa sababu iliyo kinyume kabisa: wanasema sifa zinazopewa urejelezaji humtuliza anayetengeneza plastiki, akaendelea kutengeneza. Na sisi wenyewe tumewahi kuwa upande huo. Mifuko ya rambo tungeweza kusema tuikusanye, tuirejeleze. Hatukusema hivyo. Zanzibar iliipiga marufuku mwaka 2006, na Bara mifuko ya plastiki ikapigwa marufuku kuanzia tarehe 1 Juni 2019. Je, basi, taifa zima tulikuwa wapinga-urejelezaji?

Kuna mmoja ambaye jina hili halimpati kamwe, naye ndiye ninayekutana naye kila safari. Ni yule abiria mwenzangu, msomi, mwenye kusikitika kwa sauti kwamba plastiki inaimaliza nchi, ambaye tukishapita geti la hifadhi humalizia maji yake, akafungua kioo, na mkono wake ukafanya kazi bila kumshirikisha. Huyo hapingi kitu. Ukimwuliza, anaunga mkono. Nimekuwa abiria huyo mwenyewe, zamani, kabla sijawa mtu wa vipeperushi.

Niliwaandikia vijana barua, nikawaomba walifute neno lile nikawapendekezea "asiyerejesha chupa," jina refu na baridi ambalo hakuna mtoto atakayeweza kulipigia kelele. Walinijibu kwa heshima zote kwamba vipeperushi vimekwisha chapwa nakala nyingi, na kwamba neno limependwa. Nakiri limependwa. Nimelisikia hata Kilosa sokoni, likitumiwa kwa mtu aliyekataa kuchangia mchango wa msiba. Kwa hiyo hata chupa zimekwisha toka ndani yake. Limebaki lile shina tu, lile lililomfuata baba.

Mwaka 2023 nilikwenda Mikumi peke yangu kumtafuta yule mama. Hakuwa tena pale stendi. Nilimpata kwenye njia ya Kidatu, amekaa chini ya mwembe na madumu yake, wateja wake wale wale. Nilikuwa nimeandaa maneno njia nzima. Nikamsalimu, nikasema mama, mimi ndiye niliyelitunga neno lile siku ile. Akanitazama kidogo, akasema, "Najua, Mwalimu. Waliniambia." Kisha akaniuliza nataka mafuta kiasi gani. Nikasema lita moja. Akauliza chupa yangu iko wapi.

Sikuwa nayo. Akanitajia bei ya mafuta, na juu yake shilingi 300 za chupa, ambazo nitarudishiwa nikiirudisha. Nikalipa. Mafuta yale tuliyamaliza zamani. Chupa ipo dirishani ninapoandikia. Nauli ya kwenda Mikumi na kurudi imepanda, na sijaipeleka.